Ng'ombe wa Sidonie Hatapita Bondeni

Nikutegee kimoja kabla hujakaa vizuri. Nimefunga mlango, nimefunga dirisha, hata tundu la panya nimeliziba, lakini mgeni ameingia na sasa anamkataza mjukuu wangu kula. Ni nani huyo? Usijisumbue, ni mapenzi. Yalimwingia Sidonie kupitia macho, na kwa muda mrefu sahani yake ya bugali na sambaza, dagaa wetu wa ziwani, ilikuwa ikirudi jikoni kama ilivyotoka.

Sasa siku yenyewe ilikuwa imefika. Uwanja wetu wa Mugunga ulifagiliwa mpaka mawe meusi ya volkano yakang'aa. Turubai lilifungwa kutoka kwenye paa hadi kwenye mparachichi, na viti vikapangwa pande mbili zinazotazamana. Upande mmoja sisi, watu wenye asili ya Bukavu, upande wa pili wageni waliokuja kumuomba msichana. Mwanangu Baharanyi, baba yake Sidonie, alivaa koti lake la ofisini na alikuwa akijifuta jasho ingawa ziwa lilikuwa linatuletea upepo. Miye nilipewa kiti karibu na mlango wa nyumba, kwa sababu magoti yangu hayapendi kuamka mara mbili kwa siku.

Wageni waliingia kwa adabu. Mbele alitangulia Muzee Sebahire, mfugaji wa vilimani, mrefu na mnyoofu kama fimbo aliyoishika, kofia pana kichwani. Nyuma yake mkewe, mama Nyiramahirwe, mwanamke wa maneno machache, kitambaa cheupe begani. Halafu kijana wao Munezero. Huyu analeta jibini za Masisi mjini kwa pikipiki, duara juu ya duara, na kwa jibini hizo ndiyo aliingia katika maisha yetu. Alipopita mbele yangu aliinama akanisalimu kama bibi yake, "Jambo, koko," lakini macho yake yalikuwa yamesharuka juu ya kichwa changu kwenda kwenye pazia la mlango. Pazia likatikisika. Upande ule hakukuwa na upepo.

Tuliwapa kasiksi, pombe yetu ya ndizi, tukawapa fanta, tukasubiri. Kila mtu alikuwa ametega sikio barabarani, kusikia ng'ombe wa mahari. Ng'ombe hakulia. Muzee Sebahire alikuja na fimbo, bila ng'ombe, na miye nikajua kwamba ugomvi tulioufikiri umelala ulikuwa umekuja naye, umekaa kwenye kiti chake.

Ngoja nikueleze ugomvi huo, usije ukapotea.

Sidonie ni gardi, mlinzi wa Rezerve. Rezerve ni ile nchi yote inayolindwa. Inaanzia kwenye ukingo wa ziwa, inapita kwenye viziwa vya kijani vilivyolala ndani ya volkano zilizokufa, inafuata mito na kupanda mpaka kwenye milima ambayo mawingu hayaiachi. Haiamuriwi kutoka mbali. Jimbo letu lenyewe ndilo linaiangalia, pamoja na komite ya vijiji ambamo wavuvi wanakaa na wafugaji wanakaa. Sidonie anatembea upande wa ziwa. Anapaka rangi mawe ya mpaka, anawakataza wavuvi nyavu zenye macho madogo, na jioni anarudi na matope mpaka magotini, akiimba.

Siku moja alimsimamisha kijana aliyekuwa amevuka jiwe la mpaka na pikipiki yake. Kijana akaomba msamaha, akamkatia kipande cha jibini. Sidonie akasema gardi akiwa kazini hapokei kitu. Kijana akabaki ameshika kile kipande, hajui akirudishe wapi. Mjukuu wangu aliniambia baadaye, "Koko, niliangalia jibini, halafu niliangalia mikono yenye iliishika, na nilisahau nilikuwa nimukataze nini." Tangu hapo kijana alivuka jiwe lile mara nyingi kuliko jibini alizokuwa nazo.

Halafu ikaja habari ya bonde.

Kati ya vilima na ziwa kuna bonde wanaloliita Nyamuzi. Muzee Sebahire alikuwa akipitisha ng'ombe wake humo kila alfajiri kwenda kunywa. Na bonde lile, kabla jua halijapiga, linajaa mazuku. Sisi wa huku tunaijua mazuku, hewa mbaya inayotoka chini ya ardhi. Haina rangi, haina harufu, ni nzito, inakaa mashimoni kama maji yanavyokaa kwenye karai. Kuku anakufa, mbuzi anakufa, na mtu aliyejilaza apumzike kidogo haamki. Jua likipanda na upepo wa ziwa ukaja, inatawanyika, na wewe unapita mchana ukisema hapa hakuna kitu. Sidonie aliokota humo ndege wakavu, akaokota paa mdogo ambaye hakuwa na jeraha. Alipeleka habari kwenye komite, wakamwambia afunge. Akafunga, kwa miiba na mawe yaliyopakwa rangi nyekundu, na wakati ule hakujua ng'ombe wanaopita pale ni wa nani.

Muzee Sebahire hakuamini. Alikuwa amepita pale maisha yake yote na ng'ombe wake walitoka upande wa pili tumbo limejaa maji. Kwake mazuku ilikuwa ugonjwa wa walevi wanaolala njiani. Na katika nyumba yake wana desturi ambayo baba yake aliifuata na babu yake pia. Ng'ombe wa mahari lazima anywe ziwani siku ile ile anayotolewa, akiongozwa na baba wa kijana mwenyewe. Aliyekunywa maji ya bomba haendi kwa wakwe, anaonekana kama ng'ombe aliyeokotwa sokoni. Basi muzee akatoa neno lake: msichana afungue njia, au hakuna ndoa. Na jina la Rezerve lisitajwe tena ndani ya nyumba yake.

Munezero alikuja kwetu na neno hilo. Walisimama nyuma ya jikoni, na miye nilikuwa ndani naambua maharagi. Sikutoka. Ukuta wa mbao hauna kosa kama una nafasi.

"Asubuhi moja tu, Sido," alimwambia. "Ng'ombe mumoja. Nitamupitisha miye mwenyewe, nikimaliza narudisha miiba yako vile ilikuwa."

"Na ukianguka mule ndani?"

"Sitaanguka. Papa anapita pale tangu sijazaliwa."

 Halafu nikasikia sauti ya mjukuu wangu, ndogo, kama mtu anayebeba maji yaliyojaa mpaka juu na hataki yamwagike.

"Nikifungulia mwenye kunipenda, kesho nitamufungia nani? Miye nakupenda, Munezero. Siwezi kukufungulia mulango wa kufa ili nipate mulango wa kuolewa."

"Kumbe unachagua mawe yako."

"Nimekuchagua weye. Weye njo unachagua ng'ombe."

Kijana aliondoka. Hakuwasha pikipiki, aliisukuma kwa mkono mpaka barabarani, polepole, namna ya mtu anayeomba aitwe. Hakuna aliyemwita. Niliangalia chini nikaona nimetupa maharagi na nimeweka maganda kwenye sufuria.

Zikapita wiki bila simu yake. Sidonie alikuwa anaamka, anavaa buti, anakwenda kazini, anarudi. Hakuimba. Halafu, bila mtu yeyote kunieleza kwa nini, siku moja akala. Kesho yake akaongeza. Nilimuona pia na mikono iliyochanika, vidole vyote, kama aliyecheza na paka mkali. Nikamuuliza, akasema ni kazi, koko, ni mawe.  Nimezeeka, lakini najua mtu anapokula jibini akiwa amefumba macho.

Baadaye ndugu za Munezero walituma ujumbe kwamba wanakuja. Tulidhani muzee amelegea. Ndiyo maana uwanja ulifagiliwa.

Turudi sasa chini ya turubai. Msemaji wao alisimama akasifu nyumba yetu, akasema wameona ua zuri wakati wakipita njiani na wangependa kujua mwenye bustani. Msemaji wetu alikuwa mkwe wangu Bashige, mume wa binti yangu. Alijibu kwamba bustani yetu ina maua mengi na mengine yana miiba, wageni wawe wazi. Watu walicheka. Mambo yalikuwa yanakwenda vizuri, na katika mambo hayo baba wa kijana hasemi. Anakaa, anameza mate, anaacha msemaji afanye kazi aliyoletewa.

Muzee Sebahire akasimama.

Msemaji wake alimvuta koti. Hakukaa.

"Mutanisamehe," akasema, na sauti yake haikuwa ya kupigana. "Nimekuja kuomba mutoto, na mutoto wenu ni muzuri, hata miye naona. Lakini ng'ombe ya mahari iko imefungwa pale juu kwa jamaa yetu, haijakunywa, kwa sababu mutoto huyu ameifungia njia. Afungue, leo leo, niipitishe. Asipofungua, tutashukuru kwa kasiksi na tutarudi."

Mwanangu Baharanyi alikuwa mwekundu machoni. Alisimama pia, na wanaume wawili walitazamana juu ya meza ya chupa.

"Mutoto wangu si kufuli, muzee," alisema. "Na hakuna mutu atakuja hapa kumupima kama anafunguka."

Msemaji wao alikuwa ameshachukua kofia yake. Wanawake wa upande wao walianza kufunga vitambaa. Munezero alikuwa amekaa, mikono yake ameificha katikati ya magoti, uso umekuwa rangi ya majivu, na nyuma yangu pazia halikutikisika tena. Nilisikia tu pumzi ya mjukuu wangu, fupi fupi. Nikafikiri, bibi wewe, wanaume hawa watatoka hapa na watoto hawa watabaki wamekatika katikati, na weye umekaa tu na magoti yako.

"Muzee Sebahire," nikasema. "Sakwe sakwe."

Ndivyo watu wa kwao wanavyofungua kitendawili. Na mtu wa kwao akisikia maneno yale hawezi kunyamaza, awe na hasira ya namna gani. Mdomo unajibu kabla ya moyo.

"Soma," akasema. Nilimuona anajilaumu, lakini lilikuwa limeshatoka.

"Niko na mugeni, analala shimoni asubuhi. Mukubwa akipita, anamuachilia. Mutoto akipita, anamubakiza. Jua likipanda mugeni anaondoka, na hakuna mwenye kuona nyayo zake."

Watu wakarudi kukaa. Hakuna anayeondoka katikati ya kitendawili.

"Chui," alisema muzee.

"Chui anaacha nyayo."

"Basi ni ukungu."

"Ukungu haubakizi mutoto wa mutu, papa. Ungebakiza, Masisi yote ingekuwa tupu."

Hata upande wake walicheka. Yeye hakucheka. Alifungua mdomo mara ya tatu, akaufunga. Niliona kitu kinapita usoni mwake, kama mtu aliyesikia jina lake likiitwa kutoka mbali. Aliyejibu alikuwa mama Nyiramahirwe.

"Ni mazuku," alisema.

Hakunitazama miye. Alimtazama mume wake, kutoka chini, akiwa amekaa.

"Ni yeye alibakiza ndama wa ng'ombe yetu Gaju. Ni yeye alibakiza na ule wa Bihogo. Wakubwa walitoka kwa sababu kichwa yao iko juu. Watoto walibaki kwa sababu kichwa yao iko chini. Hawakukuwa na kidonda, weye mwenyewe uliwageuza ukaangalia. Na ulisema ni ndugu yangu Habiyaremye aliwapa sumu, kwa wivu. Mpaka leo ndugu yangu hajakunywa maziwa kwenye nyumba yangu."

 Muzee Sebahire alivua kofia. Alikuwa na paji jeupe, lisilojua jua, kama la mtoto mchanga.

"Walikuwa na nyasi mdomoni," alisema polepole. "Hawajaitafuna. Nilijiuliza sana nyasi ile." Akasimama hivyo, kofia mkononi. Halafu akainua kichwa, kwa sababu ni mtu mwenye heshima yake na hakuwa amekuja kuaibishwa. "Nimekubali, bonde iko na kifo. Lakini ng'ombe wangu wako na kiu hata leo, mama. Ninawapeleka mutoni, mbali, asubuhi yote inakwisha. Mwenye kufunga njia ya kifo amefunga na njia ya maji. Wanywe wapi?"

Hilo lilikuwa neno la haki. Hata mwanangu Baharanyi aliangalia viatu vyake.

Desturi yetu inasema msichana haonekani mpaka mahari ikubaliwe. Lakini miye niliona nimeshavunja moja kwa kuingilia maneno ya wanaume, ya pili haitaniua. Nikageuka nikaita, "Sidonie, kuja ujibu papa wako."

Akatoka. Mama yake alikuwa amemvalisha pagne mpya, kitenge cha rangi ya machungwa, shanga shingoni, nywele zimesukwa vizuri. Chini ya pagne hiyo alikuwa amevaa buti za kazi, zimejaa vumbi jeusi. Alikuwa ametoka Rezerve asubuhi hiyo hiyo na hakukuwa na muda wa kuzivua. Nilisikia mama yake akiguna. Lakini Munezero aliinuka bila kuambiwa, na kwa jinsi alivyomtazama, ungesema buti zile zilikuwa za dhahabu.

Sidonie alipiga goti kidogo mbele ya muzee.

"Papa, njia ya maji iko. Inapita juu ya mawe, upande wa upepo, mpaka kwenye muchanga mweusi. Niliiomba kwenye komite na ilikubali, ni ya ng'ombe wote wa vilimani. Mawe ya mwisho tumeyatoa leo asubuhi."

"Tumeyatoa," alisema muzee. "Weye na nani? Pale juu ni mawe ya volkano tupu. Yanakata kama chupa."

 Mjukuu wangu aliangalia upande, mara moja tu, haraka, na akarudisha macho chini. Mara ile moja ilinitosha.

"Munezero, mutoto wangu," nikasema, "mikono unayoificha, tuonyeshe."

Akaitoa kati ya magoti. Ilikuwa imechanika, vidole vyote, makovu mapya juu ya makovu ya zamani. Nikashika mkono wa Sidonie nikauweka kando ya wake. Michubuko ile ile. Ungefikiri ni mikono minne ya mtu mmoja. Mama Nyiramahirwe alikuja, akaigusa kwa ncha ya kidole, kwanza ya mwanawe, halafu ya mjukuu wangu, na alikaa zaidi kwenye ya mjukuu wangu.

Sidonie alinieleza baadaye ilivyokuwa. Alikuwa na magardi wenzake juu ya mawe yale, anainua, anatupa, na kichwani anajiambia kwamba anajenga njia ya harusi isiyokuwepo. Akasikia pikipiki. Hakugeuka. Akasikia mtu anainama kando yake, jiwe linainuliwa, jiwe linatupwa. Walifanya kazi asubuhi ile yote bila salamu. Jua lilipowafikia, Munezero alisema, "Nimekuja kwa sababu ya njia, si kwa kuomba kitu." Naye akajibu, "Basi shika upande ule, hili ni zito." Wakalishika pamoja. Hakuna aliyesema samahani. Jiwe liliposhuka upande wa pili, mikono yao ilikuwa bado imeshikana, na wote wawili walijifanya hawajaona, kwa muda mrefu.

"Ulikuwa unaniambia unauza jibini," muzee alimwambia mwanawe.

"Jibini niliuza mchana, papa. Ulikataza nitaje Rezerve ndani ya nyumba yako. Sikuitaja."

Mtu fulani upande wetu alicheka kwa pua. Muzee Sebahire alimtazama kijana wake, akamtazama msichana, akatazama buti. Kisha akavaa kofia.

"Twende tuone," akasema.

Bashige alilalamika kwamba sherehe haiwezi kusimama ikatembea, kwamba hotuba zilikuwa bado. Nikamwambia itatembea, ina miguu ya kila mtu. Ila ya kwangu. Basi kijana wa jirani, Evariste, akaleta chukudu yake ya kubebea viazi, ile baiskeli yetu ya mbao isiyo na pedali, akatandika gunia, na wakaniketisha juu yake kama malkia wa makaa. Munezero alimfuata ng'ombe kwa jamaa yao. Alikuwa mtamba mweupe, anaitwa Gitare, mtoto wa Gaju, yule mmoja ambaye hakubakizwa. Muzee alipokea kamba na kutangulia. Nyuma yake ng'ombe, nyuma ya ng'ombe familia mbili zimechanganyika, viatu vya harusi vinalia juu ya mawe, na watoto wa Mugunga wakikimbia pembeni kuuliza harusi inakimbilia wapi.

Tulifika mahali njia inapogawanyika. Kulia ni miiba na mawe mekundu ya Sidonie, na nyuma yake bonde la Nyamuzi, majani mabichi, laini, hata kipepeo alikuwa anaruka juu yake. Pazuri. Mtu angetaka kujilaza. Kushoto njia mpya inapanda, nyeusi, kavu, haina sura.

Gitare akasimama. Tangu azaliwe alikuwa akienda kulia. Akavuta pua, akageuka kulia, akaanza kusukuma kifua chake kwenye miiba, na kamba ikamponyoka muzee mkononi. Nilimuona Sidonie ameruka mbele. Munezero alimshika kiwiko, si kwa nguvu, akamwambia neno moja sikioni. Baadaye nilijua neno hilo. Lilikuwa "ngoja."

Muzee Sebahire alizunguka. Alikwenda akasimama yeye mwenyewe mbele ya miiba, kati ya ng'ombe wake na bonde lake, akapanua mikono yote miwili na fimbo, mrefu, kofia imeanguka.

"Gitare," aliita. "Si huku, mama. Huku kumefungwa."

Aliyasema maneno hayo yeye. Watu wote waliyasikia. Sidonie aliweka mkono wake uliochanika mdomoni, na machozi yalipita katikati ya vidole.

Ng'ombe alimtazama muzee wake. Akapuliza. Akageuka kushoto, akapanda.

Njia ile ni nzuri, usinidharau, nimeipita kwenye chukudu na meno yangu yote machache yamebaki. Upepo unapiga usoni. Mawe yamepangwa pembeni kama kitambaa kilichoshonwa upindo, na ukifika juu unaliona ziwa lote limefunguka, na milima nyuma yake imesimama safu baada ya safu mpaka inakuwa mawingu. Muzee alisimama pale juu. Alilitazama ziwa kama mtu aliyerudishiwa kitu chake. Kisha wakashuka wote wawili kwenye mchanga mweusi, yeye na ng'ombe, na Gitare akaingia mpaka magotini na kunywa. Alikunywa bila haraka. Sisi tulisimama ukingoni, watu wazima na koti zao, tunamtazama ng'ombe akinywa kama tunasikiliza misa.

Alipoinua kichwa, maji yanadondoka kidevuni, mama Nyiramahirwe alipiga kigelegele. Nilishtuka mpaka nikakaribia kuanguka kwenye gunia. Sikujua kifua kile chembamba kina sauti kama ile. Wanawake wetu wakaipokea, wavuvi waliokuwa mbali kwenye mitumbwi wakaipokea pia bila kujua ni ya nini, na mlima ukaturudishia.

Muzee aliongoza ng'ombe nje ya maji akaweka kamba mkononi mwa mwanangu Baharanyi. Wanaume wawili walishikana mikono na hawakuachiana haraka. Muzee akamwambia mke wake, mbele yetu sote, kwamba wakirudi watapitia kwa Habiyaremye, na kwamba maziwa ya siku ya harusi atamnywesha yeye wa kwanza, kama shemeji atakubali kikombe.  Mama Nyiramahirwe alimfuta mume wake vumbi begani, mahali ambapo hapakuwa na vumbi.

Munezero na Sidonie walikuwa wamekaa juu ya jiwe, mbali kidogo, lakini si mbali kwa macho ya bibi. Kijana alikuwa amemvua buti, moja moja, na anaziosha ziwani. Sidonie alikuwa amekunja pagne yake ya machungwa na miguu yake imeingia majini, na alikuwa anaimba, polepole, wimbo ule wa kurudi kutoka kazini ambao sikuwa nimeusikia tangu siku ya maharagi.

Kivuli kikasimama mbele ya chukudu yangu. Muzee Sebahire, kofia mkononi.

"Mama," akasema, "sakwe sakwe."

"Soma, muzee."

"Amenifungia mulango wa nyuma, akanifungulia wa mbele. Asubuhi nilimukasirikia, muchana nimemupa ng'ombe. Ni nani?"

Jibu nililijua. Evariste alilijua, hata Gitare nadhani alilijua. Lakini nilikunja uso, nikajikuna kichwa, nikataja mvua, nikataja serikali ya kijiji, nikataja hata mke wake. Alikataa yote, na kila akikataa tabasamu lake lilikuwa linapanuka.

"Nimeshindwa, papa," nikamwambia. "Nitajie mwenyewe. Na utaje kwa sauti, masikio yangu ni ya zamani."

Akageukia kule kwenye jiwe, akavuta pumzi ya mchungaji anayeita kutoka kilima hadi kilima.

"Mukamwana wangu," akasema.

Na Sidonie, miguu majini, akaitika.